Kazadi Mwamba, mlinda lango wa Katanga aliyetolewa uwanjani dakika ya 21

Tarehe 18 Juni 1974, katika mji wa Gelsenkirchen, Ujerumani ya Magharibi, mlinda lango wa timu ya taifa ya Zaïre alitoka uwanjani wakati mechi ilikuwa bado haijamaliza nusu saa. Hakuwa ameumia, wala mwamuzi hakumwonyesha kadi. Yugoslavia ilikuwa imekwisha kufunga magoli matatu, katika dakika ya 8, ya 14 na ya 18, na benchi la Zaïre likaamua kwamba kosa ni la mtu aliyesimama kati ya milingoti. Aliyetoka ni Kazadi Mwamba wa Tout Puissant Mazembe ya Lubumbashi. Nafasi yake ilichukuliwa na Tubilandu wa Vita Club ya Kinshasa, kijana mfupi ambaye, kabla hajapata hata nafasi ya kupasha mikono moto, alifungwa goli la nne.

Mechi iliisha 9 kwa 0. Mpaka leo, mtu akitaja Zaïre ya 1974, jambo la kwanza linalokuja mdomoni ni hesabu hiyo. Lakini kati ya magoli yale tisa, Kazadi alifungwa matatu tu. Sita yaliingia baada ya yeye kuondolewa. Watu wengi wanaosimulia habari ile hawalijui jambo hilo, na wengi zaidi hawajui kwamba mtu aliyetolewa jioni ile alikuwa amekwisha kushinda, pamoja na wenzake, vikombe vyote vikubwa ambavyo Afrika ilikuwa navyo.

Kazadi alizaliwa tarehe 6 Machi 1947, wakati Congo ilikuwa bado mali ya Wabelgiji. Jina lake la ubatizo ni Robert, na kwa miaka yake ya kwanza uwanjani aliitwa Robert Kazadi. Jina hilo lilipotea kwenye karatasi za mechi mwaka wa 1972, wakati Mobutu alipoamuru wananchi waache majina ya Kizungu na kuchukua ya mababu. Toka hapo akabaki Kazadi Mwamba.

Katanga aliyokulia ilikuwa nchi ya kampi na mabomba ya moshi. Mtu wa Shituru hahitaji kuelezwa hayo. Kiwanda cha Shituru, kilichoanza kazi mwaka wa 1929, ndicho kilichoifanya Jadotville, yaani Likasi ya leo, kuwa mji wa shaba na kobalti. Union Minière iliwapa wafanyakazi nyumba, posho ya chakula, hospitali na shule, na iliwapa pia mpira. Kampuni na mapadri walikubaliana juu ya jambo moja: mfanyakazi anayecheza mpira siku ya Mungu hana muda wa kulewa wala wa kufanya mikutano. Kwa hiyo kila kampi ilikuwa na uwanja wake wa vumbi. Watoto wenyewe hawakungoja kampuni iwape kitu, walifunga matambara kwa kamba na kucheza nyuma ya nyumba mpaka giza linaingia.

Timu kubwa ya jimbo ilizaliwa katika mazingira hayo. Mwaka wa 1939 mapadri Wabenediktini wa chuo cha Saint-Boniface, kule Élisabethville, waliunda timu kwa ajili ya vijana wao na kuiita Saint-Georges. Baadaye ikawa Saint-Paul, na baadaye tena ikachukua jina la Englebert, kampuni ya matairi iliyokuwa ikiisaidia. Mwaka wa 1966 ilishinda kila kitu kilichokuwa cha kushindaniwa nchini, na mashabiki wakaiongezea maneno Tout Puissant, wenye nguvu zote. Mwaka ule ule Élisabethville ikawa Lubumbashi na Jadotville ikawa Likasi. Tarehe 1 Januari 1967 serikali ikachukua mali ya Union Minière, ile ambayo baadaye ingeitwa Gécamines. Mambo yote yalikuwa yanabadilika majina kwa wakati mmoja. Golini mwa Englebert alikuwa amesimama kijana ambaye hajatimiza hata miaka 20.

Kombe la vilabu bingwa vya Afrika lilikuwa bado changa. Mwaka wa 1967 Englebert ilifika fainali na kukutana na Asante Kotoko ya Ghana. Kule Kumasi walitoka 1 kwa 1, na huku nyumbani wakatoka 2 kwa 2. Hakukuwa na sheria ya penalti kama siku hizi. Mwamuzi alitaka kurusha kura, wakakataa, na shirikisho la Afrika likapanga mechi ya tatu nchini Cameroun mwezi wa Desemba. Englebert ilikwenda. Kotoko haikufika, kwa sababu viongozi wa mpira wa Ghana hawakuwapelekea habari ya tarehe. Kombe likaja Katanga. Waghana walilalamika sana, na ukweli ni kwamba hakuna anayependa kushinda hivyo.

Lakini mwaka uliofuata hakukuwa na malalamiko. Fainali ya mashindano ya 1968, iliyochezwa mwezi wa Machi 1969, iliwakutanisha na Étoile Filante ya Lomé. Nyumbani Englebert ilifunga 5 kwa 0. Kule Lomé Watogo waliwashambulia bila huruma, wakafunga manne na kufungwa moja. Hesabu ya jumla ilikuwa 6 kwa 4. Kwa kipa ilikuwa siku ngumu, lakini kombe lilirudi Lubumbashi. Englebert ikawa klabu ya kwanza Afrika kulichukua kombe hilo mara mbili mfululizo.

Walirudi fainali mara mbili tena. Katika mashindano ya 1969 walishindwa na Ismaily ya Misri, 2 kwa 2 nyumbani na 3 kwa 1 kule Cairo. Katika yale ya 1970 Kotoko ilikuja kulipiza kisasi: 1 kwa 1 Kumasi, kisha ikashinda 2 kwa 1 hapa hapa Congo. Fainali nne mfululizo, vikombe viwili. Wachezaji hawa hawakuwa na mikataba ya mamilioni, na mlango wa Ulaya ulikuwa umefungwa. Toka 1966 Mobutu alikuwa amewaita nyumbani Wakongomani waliokuwa wakicheza Ubelgiji, akitaka timu ya taifa yenye nguvu, na hakutaka wengine watoke.

Timu hiyo ya taifa ilizaa matunda haraka. Januari 1968 Congo-Kinshasa ilikwenda Ethiopia kwenye Kombe la Afrika. Kocha alikuwa Ferenc Csanádi, Mhungaria, na Kazadi ndiye aliyekuwa golini, akiwa na miaka 20. Waliipiga Congo-Brazzaville 3 kwa 0, wakafungwa na Ghana 2 kwa 1, wakaipiga Senegal 2 kwa 1. Katika nusu fainali walikutana na wenyeji wenyewe, Ethiopia, na ikabidi wacheze muda wa nyongeza ili washinde 3 kwa 2.

Fainali ilikuwa Addis Ababa, tarehe 21 Januari, na mpinzani alikuwa tena Ghana, bingwa wa 1963 na wa 1965. Kalala, mshambuliaji wa Englebert, alifunga dakika ya 66. Kilichobaki kilikuwa kazi ya mabeki na ya kijana wa golini: zaidi ya dakika 20 za kulinda goli moja mbele ya timu bora ya Afrika ya wakati ule. Waghana hawakupata kitu. Congo ikawa bingwa wa Afrika kwa mara ya kwanza.

Tukumbuke pia hali ya nchi siku zile. Uasi wa mamluki kule Bukavu, mwaka wa 1967, ulikuwa umemalizika miezi michache tu kabla ya mechi hizo. Jadotville yenyewe ilikuwa imepigana na wanajeshi wa Umoja wa Mataifa mwaka wa 1961, wakati wa Katanga ya Tshombe. Miaka saba baadaye, timu ya taifa iliyobeba kombe ilikuwa na vijana wa Lubumbashi na vijana wa Kinshasa, wakilindana mgongo. Mobutu aliliona hilo na akajua namna ya kulitumia.

Miaka iliyofuata haikuwa mizuri sana kwa timu ya taifa. Mwaka wa 1970 kule Sudan walitoka mapema. Mwaka wa 1972 kule Cameroun walimaliza wa nne, baada ya kufungwa na Mali 4 kwa 3 katika nusu fainali. Lakini jina la Kazadi lilizidi kupanda. Mwaka wa 1973, gazeti la Kifaransa France Football lilipohesabu kura za mchezaji bora wa Afrika, wa kwanza alikuwa Bwanga Tshimen, beki wa Mazembe. Wa pili alikuwa Kazadi. Wa tatu alikuwa Laurent Pokou wa Côte d'Ivoire, mfungaji hatari ambaye Afrika nzima ilimwogopa. Watu wawili wa klabu moja, kutoka mji mmoja wa Katanga, wote wawili wakiwa walinzi na si wafungaji, wakashika nafasi mbili za juu za bara zima. Ni jambo ambalo halisemwi vya kutosha.

Mwezi wa Desemba wa mwaka ule ule, Zaïre iliipiga Morocco 3 kwa 0 kule Kinshasa, na Wamorocco wakakataa kucheza mechi ya marudiano. Kwa hiyo Zaïre ikapata tiketi ya Kombe la Dunia, timu ya kwanza ya Afrika kusini mwa Sahara kufika huko. Mobutu aliahidi wachezaji nyumba na gari. Walikuwa watoto wa taifa.

Kabla ya Ujerumani ilikuja Misri. Machi 1974 Léopards walicheza Kombe la Afrika, na wengi wanalikumbuka kwa ajili ya Ndaye Mulamba, aliyefunga magoli 9, hesabu ambayo hakuna aliyeifikia katika mashindano yoyote ya Kombe hilo mpaka sasa. Lakini timu haishindi kwa mfungaji peke yake. Katika nusu fainali, mbele ya Wamisri na mashabiki wao kule Cairo, Zaïre ilikuwa nyuma 2 kwa 0. Goli la tatu la Misri lingemaliza kila kitu. Halikuja. Zaïre ikarudisha na kushinda 3 kwa 2.

Fainali ilikuwa dhidi ya jirani, Zambia. Kwa mtu wa Haut-Katanga, mechi hiyo ilikuwa karibu mechi ya nyumba mbili za ukoo mmoja: upande huu shaba, upande ule shaba, na Kibemba kinasikika pande zote mbili za mpaka. Tarehe 12 Machi Zaïre iliongoza 2 kwa 1 mpaka dakika ya mwisho kabisa ya muda wa nyongeza, Zambia ikasawazisha. Siku mbili baadaye walirudia. Uwanja ulikuwa karibu mtupu, watu kama 1,000 hivi. Ndaye akafunga mara mbili, na safari hii Kazadi hakuruhusu mpira hata mmoja kupita. Zaïre bingwa, 2 kwa 0. Wachezaji waliocheza ushindi wa 1968 na huu wa 1974 wanahesabika kwa vidole, na Kazadi ni mmoja wao.

Miezi mitatu tu ilitenganisha usiku huo na Gelsenkirchen.

Mechi ya kwanza ya Kombe la Dunia, tarehe 14 Juni kule Dortmund, haikuwa ya aibu. Scotland ilishinda 2 kwa 0, kwa magoli ya Peter Lorimer na Joe Jordan. La pili lilikuwa mpira wa kichwa uliomponyoka Kazadi mikononi, na yeye mwenyewe lazima alijua kwamba angeweza kuuzuia. Hata hivyo, Zaïre ilicheza mpira mzuri, na watu wa Ulaya waliotarajia kichekesho walishangaa.

Kilichovunja timu hakikutoka uwanjani. Baada ya mechi ile wachezaji walipata habari kwamba pesa walizoahidiwa hazipo. Ujumbe wa Zaïre kule Ujerumani ulikuwa na viongozi wengi, na wachezaji walielewa pesa yao imekwenda njia gani. Walisema hawatacheza na Yugoslavia. Walibembelezwa, wakatishwa, mwishoni wakaingia uwanjani. Wachezaji kadhaa wameeleza baadaye kwamba siku ile miguu ilikuwa uwanjani lakini moyo haukuwapo.

Kocha wao wakati ule, Blagoje Vidinić, alikuwa mwenyewe Myugoslavia na tena kipa wa zamani wa timu ya Yugoslavia. Alijua kuliko mtu yeyote kwamba kipa hatolewi dakika ya 21 kwa sababu ya magoli ambayo mabeki wameyaacha wazi. Ndiyo sababu uamuzi ule umezungumzwa sana. Wako waliosema kwamba kocha aliwauza kwa ndugu zake. Na iko habari nyingine, ambayo ilisemekana ilitoka kwa Vidinić mwenyewe, kwamba amri ilitoka kwa mtu wa wizara aliyekaa karibu na benchi. Habari hii ya pili ina uzito zaidi. Kocha aliyekuwa ametoka kuchukua Kombe la Afrika na kipa yule yule hakuwa na faida yoyote ya kumvunja mbele ya dunia. Mtu wa wizara, ambaye simu ya Kinshasa ilikuwa inamsubiri, alihitaji mtu wa kubebeshwa lawama haraka.

Na si vigumu kuelewa namna jambo hilo lilivyopokelewa huku Katanga. Vita Club ilikuwa imechukua kombe la vilabu la 1973, na ushindani wa Kinshasa na Lubumbashi ulikuwa mkali. Kutolewa kwa kipa wa Mazembe ili aingie kipa wa Vita hakungeweza kuonekana kuwa jambo la ufundi tu. Tubilandu naye alionewa, tusisahau. Kijana alitupwa ndani ya moto bila kinga.

Dakika moja baada ya badiliko hilo, kukawa na goli la nne, na vurugu. Wachezaji wa Zaïre walimzunguka mwamuzi, Omar Delgado wa Colombia, na mmoja wao akampiga teke kwa nyuma. Aliyepiga ni Mwepu Ilunga. Aliyeonyeshwa kadi nyekundu ni Ndaye Mulamba, ambaye hakufanya kitu. Toka hapo timu ilicheza watu kumi. Ilifika mapumziko ikiwa 6 kwa 0.

Ikabaki Brazil, bingwa wa dunia. Wachezaji wameeleza kwamba watu wa Mobutu walikuja hotelini, wakafunga milango na kuwaambia wasithubutu kufungwa zaidi ya magoli matatu, la sivyo warudi nyumbani kwa hatari yao. Tarehe 22 Juni Kazadi alirudishwa golini. Wale waliomwondoa siku nne kabla walikuwa sasa wanamtegemea yeye, katika mechi ambayo wachezaji waliamini kwamba maisha yao yako ndani yake.

Brazil nayo ilikuwa na hesabu zake: ilihitaji ushindi wa magoli matatu ili kuipita Scotland. Jairzinho alifunga dakika ya 12. Kisha, kwa karibu saa nzima, Brazil haikupata goli jingine. Rivelino akafunga la pili dakika ya 66. Dakika ya 79 Valdomiro alipiga shuti kutoka upande wa kulia, la kawaida, na mpira ukapita chini ya mwili wa Kazadi, karibu na mlingoti wake mwenyewe. Tatu. Brazil ikasonga mbele, na Scotland ikarudi kwao bila kufungwa hata mechi moja.

Kule Scotland goli hilo limeliliwa miaka mingi. Kwa Wazaïre lilikuwa na maana nyingine: walikuwa wamefika mpaka waliowekewa, na zilibaki dakika 11. Ni katika muda huo wa mwisho ambapo Mwepu alitoka mbio kwenye ukuta na kuupiga mbali mpira wa adhabu wa Wabrazil kabla haujapigwa. Ulaya ilicheka na kusema Waafrika hawajui sheria. Mwepu alizijua vizuri sana. Alieleza baadaye kwamba alikuwa na hasira na viongozi wake. Kazadi hakuruhusu goli la nne.

Timu iliporudi, hakuna aliyewapokea kwa ngoma. Mobutu aligeuka kando, akaelekeza macho kwenye pambano la ngumi la Muhammad Ali na George Foreman lililofanyika Kinshasa mwezi wa Oktoba wa mwaka ule ule. Wale waliokuwa watoto wa taifa mwezi wa Machi walisahauliwa kabla mwaka haujaisha. Ndaye Mulamba alialikwa Tunis mwaka wa 1994 kupewa heshima na shirikisho la Afrika, na aliporudi Zaïre majambazi wakampiga risasi mguuni. Alimaliza maisha yake ugenini, Afrika Kusini, mwaka wa 2019.

Kazadi aliishi mpaka kuona Katanga yake ikivunjika. Likasi inayajua haya bila kufundishwa. Kuanzia 1992, watu wenye asili ya Kasaï walifukuzwa makwao, na maelfu kwa maelfu walilala kwenye stesheni ya gari moshi ya Likasi na kando kando yake, wakingoja behewa la kuwapeleka nchi ambayo wengi wao hawajapata kuiona. Wengi walikufa pale pale au njiani. Kati yao walikuwa watu waliofanya kazi Shituru na Panda maisha yao yote, na watoto wao waliozaliwa katika kampi. Ukisoma sasa orodha ya wachezaji wa Englebert na wa timu ya taifa ya miaka ya 1960 na 1970, utakuta majina kama Kalala, Bwanga, Tshimanga, Kazadi. Mwaka wa 1968 hakuna shabiki aliyeuliza babu ya Kalala alizikwa wapi kabla ya kushangilia goli lake.

Kazadi Mwamba alifariki mwaka wa 1996, kabla hajatimiza miaka 50. Mobutu alikuwa bado madarakani, na nchi ilikuwa bado inaitwa Zaïre. Mwezi wa Mei mwaka uliofuata yote mawili yalikwisha.

Mazembe ilingoja miaka 40 kabla ya kulishika tena kombe la vilabu la Afrika. Lilirudi Lubumbashi mwaka wa 2009, likabaki huko mwaka wa 2010, mara mbili mfululizo kama enzi za Englebert, na Desemba 2010 klabu ikacheza fainali ya dunia dhidi ya Inter Milan. Golini alisimama Kidiaba, ambaye naye jina lake la ubatizo ni Robert.